Kalenda za Nchi Zisizokuwapo

Nchi za kubuni ni nyingi katika fasihi, na aghalabu kila moja huja na ramani yake. Ni wasomaji wachache waulizao kama ina kalenda yake. Nchi isiyokuwa na mito wala milima twaitilia shaka mara moja, lakini nchi isiyokuwa na hesabu yake ya siku twaipokea bila neno, kana kwamba Januari na Jumatatu zilikuwapo tangu kuumbwa kwa ulimwengu, na kwamba zapatikana kila mahali, hata angani. Insha hii yakusudia kuzichunguza kalenda zilizobuniwa na waandishi, na kuzipima kwa kalenda ambazo watu wa kweli walizitunga kwa mahitaji yao. Maana hakuna kalenda isiyobuniwa. Jua na mwezi wa angani hatukuvifanya sisi. Lakini juma la siku saba, mwezi wa siku 31, na mwaka uanzao Januari, wakati wa ukavu huku kwetu Kericho, ni kazi ya akili za watu.

Kijana aandikaye hadithi ya nchi ya ajabu huanza kwa majina. Januari huiita Mwezi wa Joka, Februari huiita Mwezi wa Upanga, na kadhalika hata mwisho. Mwezi wa kumi na mbili ufikapo, theluji huanguka, na mashujaa hukusanyika karibu na moto. Yamkini mwandishi huyo amezaliwa na kukulia Kipkelion, ambako chai huchumwa mwaka mzima na theluji haijulikani ila katika picha. Simlaumu kwa kuitia theluji katika hadithi yake, kwa sababu fikira ina ruhusa ya kwenda itakako. Ninalolishutumu ni kwamba hakuiita theluji hiyo yeye mwenyewe. Ilikuja imejificha ndani ya kalenda aliyoiazima. Alibadili majina kumi na mawili akadhani amebuni mwaka mpya, kumbe amepaka rangi mlango wa nyumba ya mtu mwingine.

Kalenda ya kubuni ni nzuri ikiwa yawalazimisha watu wa hadithi watende, wangoje, wagombane au wajute. Isipofanya hivyo ni pambo tu. Ili kuipima, yafaa tuulize maswali matatu: yahesabu nini, nani anayehesabu, na hukosea wapi?

Tuanze na swali la kwanza. Hesabu ya siku haizaliwi na kupenda hesabu. Huzaliwa na haja. Tutazame mwambao wetu. Waswahili wa kale walikuwa na haja mbili zisizopatana. Ya kwanza ilikuwa ibada, nayo ilifuata mwezi mwandamo: mwaka wa siku 354 au 355, ambao huutangulia mwaka wa jua kwa siku kumi na moja hivi. Hata majina ya miezi yaonyesha jambo lililohesabiwa. Baada ya Ramadhani huja Mfunguo Mosi, kisha Mfunguo Pili, hata Mfunguo Tisa, ndipo zifuate Rajabu, Shaabani na Ramadhani tena. Miezi tisa ya mwaka yaitwa kwa umbali wake kutoka siku ile watu walipofungua.

Haja ya pili ilikuwa kilimo na safari za baharini. Pepo za kaskazi na kusi hazifuati mwezi mwandamo. Hufuata mwendo wa jua. Kwa hiyo watu wa pwani walishika pia mwaka wa jua wenye asili ya Uajemi, uanzao kwa Siku ya Mwaka, yaani Nairuzi. Waliugawa kwa miongo, kila mwongo siku kumi. Miongo 36 ikafanya siku 360, na siku tano zikabaki za kuutimiza mwaka. Ahmad ibn Majid, bingwa wa bahari wa karne ya 15 aliyetoka Julfar katika Ghuba, aliandika nyakati za safari kwa kuhesabu siku baada ya Nairuzi. Na huko Makunduchi, kusini mwa Unguja, Mwaka Kogwa husherehekewa hata leo, mwezi wa Julai.

Tazameni utajiri uliomo humo kwa mtunzi. Watu wale wale, katika mji mmoja, walikuwa na miaka miwili iliyokwenda kwa mwendo mbalimbali. Mwaka mmoja Ramadhani huangukia wakati wa shwari, mwaka mwingine huangukia siku zile zile ambazo jahazi haina budi kutweka tanga, la sivyo upepo utageuka na safari ifutike. Nahodha angoje sikukuu nyumbani au aondoke? Kisa kimezaliwa hapo, wala hakikuzaliwa na jina la ajabu. Kimezaliwa na hesabu mbili zinazogongana katika kifua cha mtu mmoja.

Saa zetu nazo zina sababu. Mswahili aanza kuhesabu mchana jua lichomozapo. Saa moja ya asubuhi ni saa ya kwanza ya mwanga. Wahabeshi nao huhesabu hivyo. Hesabu hii si ukaidi. Ni busara ya watu wakaao karibu na ikweta. Hapa Kipkelion, jua huchomoza karibu na saa kumi na mbili na nusu asubuhi, na kati ya siku lichomozapo mapema kabisa na siku lichelewapo kabisa tofauti ni ya nusu saa hivi tu. Lakini London, jua la Juni huchomoza kabla ya saa kumi na moja alfajiri kwa saa yao ya kiangazi, na la mwisho wa Desemba huchomoza baada ya saa mbili asubuhi. Mtu wa huko akianza kuhesabu saa zake kwa macheo, saa zitamkimbia kama kuku wasiofungiwa. Basi mwandishi akituambia kwamba nchi yake iko kaskazini ya mbali, yenye usiku mrefu wa baridi, kisha wenyeji wake wahesabu saa kama sisi, tuna haki ya kumuuliza wanawezaje. Akiwa na jawabu, amebuni. Asipokuwa nalo, amesahau.

Swali la pili latupeleka mahali pagumu zaidi, maana mwenye kuhesabu siku ana nguvu juu ya wanaohesabiwa. Mfano mashuhuri ni wa Ufaransa. Baada ya mapinduzi yao, viongozi wa nchi hiyo walitangaza mwaka 1793 kalenda mpya kabisa. Kila mwezi ulipewa siku 30, ukagawanywa katika makundi matatu ya siku kumi kumi, na siku tano au sita zikaongezwa mwishoni mwa mwaka. Msomaji aliyeielewa miongo ya pwani ataona mara moja kwamba hesabu hiyo haikuwa ngeni duniani; Wamisri wa kale pia waliijua. Majina ya miezi yalikuwa mazuri mno, kwa kuwa yalitungwa kwa ukungu, theluji, mbegu na mavuno. Walakini kalenda hiyo haikudumu. Ilifutwa tangu tarehe 1 Januari 1806.

Kwa nini ilishindwa? Sababu zilikuwa zaidi ya moja, ila mbili zatufaa hapa. Kwanza, mfanyakazi aliyezoea kupumzika siku moja katika saba aliambiwa apumzike siku moja katika kumi. Kwenye karatasi hesabu ilikuwa nyepesi. Mgongoni ilikuwa nzito. Pili, majina yale yalitazama hali ya hewa ya Ufaransa peke yake. Mwezi wa theluji uliangukia mwisho wa Desemba na sehemu kubwa ya Januari, wakati ambapo mtu wa kisiwa cha Réunion, kilichokuwa chini ya Ufaransa katika Bahari ya Hindi, huwa katika joto na mvua za masika yake. Waliosema kwamba kalenda yao ni ya watu wote duniani walikuwa wamechungulia dirisha moja tu.

Mfano wa pili ni wa nchi yetu wenyewe. Katika mashamba ya walowezi wa Kenya wakati wa ukoloni, vibarua wengi waliajiriwa kwa tikiti ya siku 30. Jina la siku 30 lingemfanya mtu afikiri mwezi, lakini tikiti haikuhesabu siku alizoishi kibarua. Ilihesabu siku alizofanya kazi. Siku asiyoandikiwa haikuwapo. Alipewa kama siku 42 za kuikamilisha tikiti hiyo, na mshahara wake ulifuata tikiti wala haukufuata mwezi mwandamo. Maskwota nao, kwa sheria ya 1918, walitakiwa kumfanyia kazi mwenye shamba siku zisizopungua 180 kila mwaka. Basi katika vilima hivi vilikuwako vipimo viwili vya wakati: mwezi wa angani aliouona kila mtu, na mwezi wa karatasi aliouona mwenye kalamu. Baba aliyeahidi nyumbani kwamba atarudi baada ya mwezi mmoja alihitaji kueleza ni mwezi upi.

Mtunzi wa hadithi za ajabu hahitaji kwenda mbali kutafuta mfalme mwovu aliyeiba siku za watu. Hesabu ya namna hiyo ilifanywa kwa wino, katika madaftari ya mashamba. Ninyi mtakaoandika, mkibuni nchi yenye mtawala na watawaliwa, niambieni nani anayetangaza kwamba mwezi umekwisha. Jibu hilo litanieleza serikali ya nchi yenu kuliko maelezo ya kiti cha enzi na taji la dhahabu.

Sasa twafika swali la tatu, ambalo kwangu ni bora kuliko yote: kalenda hiyo hukosea wapi? Kila kalenda ya kweli hukosea, kwa sababu mwaka wa jua hauna siku kamili; una siku 365 na karibu robo ya siku. Wahabeshi huitunza robo hiyo katika mwezi wao wa kumi na tatu, Pagume, wenye siku tano, na sita kila mwaka wa nne. Mwaka wa Nairuzi wa pwani haukuitunza. Ulishika siku 365 tu. Kwa hiyo Siku ya Mwaka husogea siku moja nyuma ya majira kila miaka minne. Mtu aliyeishi miaka 60 ameiona ikisogea siku kumi na tano, na katika karne moja husogea siku 24 hivi. Mzee asemapo kwamba zamani mvua zilianza mwongo fulani, naye kijana aona zaanza mwongo mwingine, huenda hakuna mwongo kati yao. Wote wawili wasema kweli, ila kalenda imetembea. Mgogoro wa vizazi viwili umefichwa ndani ya robo ya siku.

Huku bara wazee wetu walihesabu kwa njia nyingine. Kwa Wakipsigis na ndugu zao Wakalenjin, miaka ya mtu ilijulikana kwa ipinda, yaani rika la waliotahiriwa katika kipindi kimoja. Majina ya marika ni machache: Maina, Chumo, Sawe, Korongoro, Kipkoimet, Kaplelach, Kimnyige na Nyongi. Majina hayo hufuatana, na yakiisha huanza tena, hata jina moja likarudi baada ya karne moja au zaidi. Hiyo ni kalenda ya duara, nayo ina kosa lake lililo wazi: ukisikia kwamba jambo fulani lilitendeka zamani za Maina, huna budi kuuliza Maina wepi, wa sasa au wale waliotangulia. Mwanahistoria hukasirishwa na kosa hilo. Mtunzi yampasa alishukuru. Kijana apewapo jina la rika hupewa jina lililokwisha kubebwa na watu asiowajua, wenye sifa na aibu zao, naye huingia katika hadithi iliyoanza kabla hajazaliwa.

Tena kuna jambo la kutazamwa sana. Wakipsigis wanalo jina la Korongoro. Katika mzunguko wa Wanandi, jirani zao wa karibu kwa lugha na damu, jina hilo halimo. Kalenda mbili za ndugu wawili, na moja ina pengo. Mwandishi hahitaji kuandika kurasa kumi za vita na misiba. Pengo moja katika orodha ya majina latosha kumfanya msomaji aulize: waliolichukua jina hili walipatwa na nini?

Kwa mizani hii tumpime mbunifu mashuhuri wa kalenda katika fasihi ya Kiingereza, J. R. R. Tolkien. Katika viambatisho vya kitabu chake The Lord of the Rings, vilivyochapishwa mwaka 1955, alieleza kalenda ya watu wafupi wa nchi ya Shire. Miezi yao yote ina siku 30, na siku tano za sikukuu husimama nje ya miezi. Moja kati ya hizo, ile ya katikati ya mwaka, haiingizwi hata katika juma. Zabaki siku 364, ambazo ni majuma 52 kamili. Kwa hiyo kila tarehe huangukia siku ile ile ya juma mwaka baada ya mwaka, na kalenda moja yaweza kutundikwa ukutani milele.

Msomaji wa Kiswahili atapata furaha nyingine humo. Juma la Shire huanza kwa siku ambayo mwandishi aliilinganisha na Jumamosi, na huishia kwa siku aliyoilinganisha na Ijumaa, ambayo ndiyo siku yao kubwa, ya mapumziko ya alasiri na karamu za jioni. Nasi twaanza juma kwa Jumamosi, kwa kuwa mosi ni moja, na Ijumaa ni siku yetu ya kukusanyika. Mwingereza alilazimika kueleza mpango huo kwa uangalifu ili wasomaji wake wasipotee; sisi twausema kila siku bila kuufikiri.

Nikiihukumu, nasema kwamba kalenda hiyo yajibu vema swali la kwanza. Ni ya watu wapendao chakula, utulivu na desturi, nayo yahesabu mambo hayo. Yajibu kidogo swali la pili. Katika la tatu, ni safi mno. Kalenda isiyobadilika kamwe yawafaa watu wasiotaka kubadilika, na pengine hiyo ndiyo siri yake. Lakini imewekwa mwishoni mwa kitabu, mbali na safari na hatari za hadithi yenyewe. Msomaji huistahi kama astahivyo saa nzuri iliyofungiwa katika kabati la kioo.

Je, kila nchi ya kubuni yahitaji kalenda? La. Shaaban Robert, katika Kusadikika kilichotoka mwaka 1951, aliumba nchi iliyo angani, wala hakutuwekea miezi mipya. Alichagua pande badala ya siku: wajumbe walitumwa mashariki, kaskazini, magharibi, kusini, mbinguni na ardhini, na kila aliyerudi na habari njema alitiwa gerezani. Shabaha yake ilikuwa haki na sheria, na kwa shabaha hiyo pande sita zilitosha. Zilionyesha kwamba hakuna upande wa dunia ambao elimu yake serikali ile haikuukataa. Angetuongezea orodha ya miezi, angetuchosha bure. Mwandishi mwenye akili hubuni kile ambacho kisa chake chakitaka, akaacha kingine kama kilivyo.

Lakini kisa kikitaka hesabu ya siku, hesabu hiyo yaweza kuchimbwa hapa hapa tulipo. Mchumaji wa chai hakirudii kichaka kila siku. Kilichochumwa leo hurudiwa baada ya siku saba hadi kumi na nne hivi, kwa kadiri ya mvua na baridi. Chukueni jambo hilo dogo mkabuni nchi ambayo juma lake ni muda wa jani kukua. Mvua ikiwa njema, juma huwa fupi na siku ya mapumziko hufika upesi. Ukavu ukija, juma hurefuka, na watu hungoja. Sasa ulizeni yale maswali matatu. Yahesabu nini? Jani. Nani anayehesabu? Hapo ugomvi huanza, maana mwenye shamba asema jani halijawa tayari, naye mchumaji aona kwa macho yake kwamba limekuwa. Na hukosea wapi? Kilima cha mashariki kimepata mvua, cha magharibi hakikupata; ndugu wawili waliozaliwa siku moja, kila mmoja kwenye kilima chake, hawana tena umri mmoja. Yupi mkubwa? Nani arithi?

Hakuna joka katika nchi hiyo wala upanga, na tayari watu wake wana kesi ya kwenda mbele ya wazee. Nchi ya kubuni husimama pale ambapo mkazi wake akiuliza leo ni siku gani, jawabu laweza kumgharimu kitu. Nendeni mkaulize nyumbani siku zilihesabiwaje kabla ya kalenda ya ukutani, kisha mwandike.